Aliyelala Hashitakiwi

Mwezi uliopita kijana mmoja wa parokia yetu, mwanafunzi wa chuo kikuu, alirudi nyumbani kwa likizo. Katika kompyuta yake alikuwa na sinema ya zamani ya Wafaransa, akaomba ruhusa ya kuionyesha ukutani katika chumba cha katekisimu. Padri Mkubwa akakubali, nami nikaagizwa kukaa karibu na mashine ili niwaeleze watu maneno magumu. Kumbe maneno yenyewe hayakuwako! Ni sinema bubu, tangu mwanzo hata mwisho haisemi neno wala haina maandiko ya kusoma. Kabla haijafika katikati, akina mama watatu walikuwa wamekwisha kutoka. Wa nne alisimama mlangoni, mguu mmoja ndani na mmoja nje, kwa sababu alitaka kujua mwisho wake.

Taa zilipowashwa, mzee wa shirika letu aliinuka akasema: "Mwalimu, hii ni ndoto ya shetani. Aliyeota hivi atubu." Yule kijana akajibu upesi: "Baba, hii ni ndoto tu. Ndoto haina kosa." Watu wakagawanyika, hawa kwa mzee, hawa kwa kijana, mpaka usiku ukaingia. Mimi nilinyamaza, maana nilitaka kufikiri. Leo nimekwisha kufikiri, nami nasema kwamba wote wawili wamekosea. Lakini kosa la mzee ni zito zaidi, kwa maana kosa hilo limekwisha kumtesa mtu hapa kwetu, nami nilikuwapo.

Kwanza niwaeleze sinema yenyewe, wapate kuelewa nao ambao hawakuiona. Inaitwa La Coquille et le Clergyman, ndiyo kusema Kombe la Baharini na Mtumishi wa Dini. Ilitengenezwa mwaka 1927, ni ya dakika arobaini hivi. Aliyeiongoza ni mwanamke, Madame Germaine Dulac, mmojawapo wa wanawake wa kwanza kushika kazi ile katika Ufaransa. Aliyeandika hadithi ni Antonin Artaud, mshairi na mchezaji wa tamthilia. Huyu Artaud aliugua akili baadaye, akafungiwa miaka mingi katika nyumba za wagonjwa wa akili, tangu 1937 hata 1946, akafa mwaka 1948. Tena ni yeye aliyecheza nafasi ya mtawa Massieu, yule mwenye huruma, katika sinema maarufu ya mateso ya Mtakatifu Yoana wa Arko iliyotoka mwaka 1928. Basi mtu asidhani kwamba alikuwa mjinga wa mambo ya dini.

Mwanzo twaona mtu aliyevaa nguo nyeusi za utumishi wa dini. Ameshika kombe kubwa la baharini, anamimina kutoka kombeni maji meusi katika chupa za kioo. Kila chupa ikiisha kujaa, anaiangusha chini ipasuke. Chupa hii, na hii, na hii tena; vipande vinakuwa chungu mbele ya miguu yake. Anaingia afisa wa jeshi, kifua chake kimejaa nishani, anachukua lile kombe na kulivunja kwa upanga. Mtumishi wa dini anamfuata akitambaa kwa mikono na magoti, hata katika njia za mji wa Paris anatambaa vile vile. Yuko na mwanamke mzuri, naye yupo pamoja na afisa. Twawakuta kanisani, katika kiti cha kuungamia. Mtumishi anamrukia afisa na kumkaba koo, na mara uso wa afisa unageuka kuwa uso wa padri. Halafu ni mbio, milango, funguo, makoridoo marefu yasiyo na mwisho. Karibu na mwisho, kichwa cha mtumishi mwenyewe kinaonekana ndani ya chombo cha kioo.

Wako waliofurahi kwa siri kusikia kwamba neno clergyman ni neno la Kiingereza, ambalo Wafaransa hulitumia hasa kwa wachungaji wa Waprotestanti. "Basi si padri wetu!" Nawauliza, je, ndugu zetu Waprotestanti hawaoti? Au sisi ndio hatuoti? Tuache mchezo huo.

Sasa nataka mtazame jambo moja ambalo wengi hawakuliona jioni ile. Sinema za ndoto zilianza pamoja na sinema yenyewe. Mwaka 1896 Mfaransa Georges Méliès alifanya moja fupi sana, ya dakika moja hivi, inaitwa Le Cauchemar, ndiyo ndoto mbaya. Mle kuna kitanda. Mtu analala, mambo ya ajabu yanakuja, hata mwezi unamuuma mkono, naye anaamka. Hapo mtazamaji anajua mpaka: huku ni usingizi, huku ni kuamka. Lakini katika sinema ya Madame Dulac hakuna kitanda. Hakuna anayelala, hakuna anayeamka. Mzee wetu alisema, aliyeota hivi atubu. Haya, mzee, nionyeshe aliyeota! Tumtafute wapi? Yule mwenye nguo nyeusi ni mchezaji, jina lake Alex Allin, naye alikuwa macho wazi akifanya kazi yake. Madame Dulac alikuwa macho, anaongoza, anapanga taa. Artaud naye alikuwa macho na kalamu mkononi, na mwaka 1927 aliandika yeye mwenyewe kwamba hadithi yake si nakala ya ndoto, watu wasiichukue hivyo. Sinema ilipotangazwa kuwa ni ndoto ya Artaud, alikasirika.

Hapo ndipo kijana wetu naye anapokosea. Yeye anasema, ni ndoto tu, haina kosa. Hapana, bwana mdogo. Ndoto haina kosa kwa sababu haina mtengenezaji mwenye hiari. Sinema inaye. Imekatwa, ikaunganishwa, ikatazamwa, ikakatwa tena. Mtu akitaka kuilaumu kwa sababu ya kiti cha kuungamia, ana haki ya kuwalaumu hao waliokuwa macho. Akitaka kuisifu, awasifu hao hao. Asijifiche mtu nyuma ya neno ndoto kama mwizi nyuma ya migomba. Mimi mwenyewe naona kwamba ule mchezo wa kanisani umepita kiasi. Lakini zile chupa zinazojazwa na kuvunjwa, kujazwa na kuvunjwa, sikuzisahau kwa juma zima. Nani kati yetu hajafanya kazi ya namna ile?

Katika Paris pia walibishana, na kwa matusi. Sinema ilionyeshwa mara ya kwanza tarehe 9 Februari 1928 katika jumba liitwalo Studio des Ursulines, lenye jina la masista, kwa sababu ya njia iliko, ambayo zamani ilikuwa na nyumba yao. Kundi la washairi wanaoitwa surrealistes walikuja, wakapiga kelele gizani, wakamtukana Madame Dulac mbele ya watu wote. Walisema ameiharibu kazi ya Artaud. Angalieni sana: watu hao walikuwa wamefundisha, tangu kitabu cha mkubwa wao André Breton cha mwaka 1924, kwamba ndoto ina ukweli mkubwa kuliko akili ya mchana. Lakini tusi walilomtupia mwanamke hawakulitupa usingizini. Walilitupa wakiwa macho.

Hata hivyo sipendi kuwacheka tu. Breton alisomea uganga, na wakati wa vita vya 1914 hata 1918 aliwatunza askari waliovurugika akili. Aliona watu wenye akili timamu, wenye suti na kalamu na ramani, wakiwapeleka mamilioni kufa katika matope. Si ajabu akaichukia akili ya mchana. Lakini kutoka hapo kusema kwamba mtu wa kweli ni yule wa ndotoni, ni kuruka mto mpana mno. Kama mimi wa kweli ni yule ninayemwona usiku, basi mke wangu ameolewa na nani? Watoto wangu wanalishwa na nani? Yule wa ndotoni hajalima hata mstari mmoja wa mihogo.

Waingereza nao walifanya yao. Sinema ilipopelekwa kwa baraza lao la kukagua sinema, ilikatazwa. Hukumu yao imekuwa kama kichekesho kwa watu wa sinema: walisema kwamba haieleweki, karibu haina maana, na kama ina maana, bila shaka ni maana mbaya. Ndugu, hukumu hiyo naijua! Si ya London tu. Naisikia hapa kwetu kila mwaka wa ukame na kila mtoto akiugua. Sijui umefanya nini, lakini kama umefanya kitu, bila shaka ni kibaya.

Nisimulie sasa. Mwaka juzi, katika kijiji kimoja cha parokia yetu, mtoto aliugua homa kali. Usiku aliota kwamba mzee jirani, mjane wa siku nyingi, anampa nyama. Asubuhi akaisimulia ndoto kwa mama yake. Usiku wa pili shangazi yake naye akamwota mzee yule yule. Ni ajabu gani, jamani, wakati mchana kutwa hawakusema jina lingine? Siku ya tatu vijana walimtoa mzee nyumbani mwake, wakachoma paa lake la nyasi pamoja na mkeka na kiti chake. Aliondoka na fimbo na blanketi. Mtoto alipelekwa dispensari, akapewa dawa za malaria, akapona kabla ya Jumapili. Hakuna aliyekwenda kumrudisha mzee.

Na mimi? Mimi katekista, niliyesoma seminari, niliyefundishwa Kilatini, nilikuwa katika kijiji kile siku zile kwa mafundisho ya ubatizo. Nilisikia minong'ono tangu siku ya kwanza. Nilijiambia: nikisema, watanidhania mimi pia. Nikanyamaza siku mbili. Siku ya tatu moshi ulisema badala yangu. Kwa hiyo mzee wa shirika aliposema juzi, aliyeota hivi atubu, mimi sikusikia habari ya sinema. Nilisikia nyasi zinawaka.

Kwa maana ni mlango mmoja. Ukikubali kwamba aliyeota ana kosa kwa alichoota, utakubali kesho kwamba na aliyeotwa ana kosa kwa alichofanya katika ndoto ya mwingine. Najua mama mmoja aliyeacha Komunyo karibu mwaka mzima kwa sababu aliota anampiga mama mkwe wake kwa mchi. Alikuja kwangu analia. Nikamwuliza, mama, mchi wako uko wapi? Akasema, uko jikoni. Nikamwuliza, mama mkwe wako yuko wapi? Akasema, yuko jikoni vile vile, anakaranga karanga. Ndipo akaanza kucheka, na machozi bado yako shavuni.

Wazee wetu katika imani walikwisha kulipima jambo hili kabla ya wana sinema. Mtakatifu Augustino, katika kitabu cha 10 cha Maungamo yake, haogopi kukiri kwamba picha za maisha yake ya zamani zilimrudia usingizini, naye akakubaliana nazo kwa namna ambayo mchana asingekubali. Anajiuliza mbele ya Mungu kama saa zile yeye si yeye. Lakini anaona pia kwamba akiamka anarudi katika amani ya dhamiri, kwa kuwa lile lililotendeka ndani yake hakulitenda yeye, ingawa anasikitika kwamba lilitendeka. Mtakatifu Tomaso wa Akwino ni mkavu zaidi, kama desturi yake: katika usingizi akili haina uhuru wa kuamua, basi hakuna hatia, kama vile hakuna hatia kwa mwenye wazimu. Anaongeza tu kwamba mtu akiwa mchana amekusudia na kulisha fikira mbaya, kosa liko mchana, pale alipozilisha. Mchana, si usiku. Mlevi anayeota ulevi, mwulizeni habari ya jana jioni, msimwulize habari ya ndoto.

Tena waganga wa siku zetu wameona kitu ambacho Mtakatifu Tomaso angefurahi kukisikia. Mwaka 1953, katika chuo kikuu cha Chicago, Aserinsky na Kleitman walionyesha kwamba kuna saa za usingizi ambazo macho yanakimbia huku na huku chini ya kope, na mtu akiamshwa saa hizo, mara nyingi anasimulia ndoto. Halafu Mfaransa Michel Jouvet, mjini Lyon, mwaka 1959, akiwachunguza paka, akauita usingizi huo kwa jina la ajabu, usingizi wenye kujipinga: ubongo unafanya kazi kama wa mtu aliye macho, na mwili umelegea kama kamba iliyolowa. Kwa mtu mzima ni karibu sehemu ya nne au ya tano ya usingizi wake wote. Jouvet akaona kwamba kuna mahali padogo chini ya ubongo panapofunga viungo visitende. Paka walioharibiwa mahali pale waliinuka wakiwa wamelala, wakavizia panya asiyekuwako, wakapigana na hewa.

Mnaona? Mwenye kuota amefungwa mikono na miguu. Yule mtumishi wa dini wa Madame Dulac anakimbia, anakaba koo, anatambaa njiani. Mwotaji wa kweli hafanyi hata moja. Amelala chali, mdomo wazi, mbu anamuuma naye hajui. Muumba ameondoa upanga mkononi mwake kabla ya kumwachia picha. Nasi tunataka kumshitaki! Na mzee yule wa kijijini, ambaye usiku ule wala hakuota, alikuwa amelala nyumba ya tatu akikohoa, tukamchomea paa kwa sababu sura yake ilipita katika kichwa cha mtoto mwenye homa.

Mtaniambia, Mwalimu, mbona Biblia ina ndoto? Yozefu mwana wa Yakobo, na Yozefu mume wa Maria, je? Nawashukuru kwa kuuliza, maana hapo ndipo nilipotaka kuwafikisha. Fungueni Injili ya Mateo. Yozefu alikuwa amekwisha kufikiri kumwacha Maria kwa siri. Alikuwa na shaka, na kwa macho ya watu alikuwa na sababu. Ndoto ilimjia kufanya nini? Ilimjia kumwondolea Maria shaka. Yozefu akaamka, akamchukua mkewe nyumbani. Endeleeni hata sura ya 27. Mke wa Pilato anateswa na ndoto, anatuma mtu kwa mumewe akiwa katika kiti cha hukumu. Anaomba nini? Anaomba kwamba mwenye haki aachwe. Ndoto hizo mbili za Injili zinamtetea aliyeshukiwa. Mnitafutie ndani ya Injili ndoto moja inayomshitaki jirani. Na katika Kitabu cha Yoshua bin Sira, sura ya 34, someni wenyewe jinsi anavyowaonya wenye kuzitegemea ndoto. Sitaandika maneno yake hapa ili mfungue kitabu.

Kwa hiyo, mzee wangu, nakuheshimu kama baba, lakini neno lako la jioni ile nalikataa. Wewe ulikwenda mwenyewe kijijini mwaka juzi baada ya moto, uliuona ule mviringo mweusi wa majivu. Usiseme tena aliyeota atubu. Nami, niliyenyamaza siku mbili nikiwa macho kabisa, ndiye mwenye kutubu, na nimekwisha kwenda kwa Padri.

Mzee yule anakaa sasa karibu na misioni, katika chumba kidogo nyuma ya ghala la mahindi. Vijana wanne kati ya wale waliotazama sinema wamekwisha kukata miti, na shirika la akina mama limeahidi nyasi mvua zikipungua. Nyumba itasimama pale pale ilipokuwa, si kando. Kijana wetu wa chuo ameahirisha safari yake juma moja. Ameomba kuonyesha sinema ile tena Jumapili baada ya Misa ya pili, na yule mama aliyesimama mlangoni ameniuliza kama safari hii atapata kiti. Nilimwalika mzee naye. Aliniuliza sinema ni ya nini. Nikamwambia ni ya mtu anayejaza chupa na kuzivunja. Akafikiri kidogo, akasema atakuja, ikiwa kuna mtu wa kumshika mkono gizani.